Mbaraka Mwinshehe

Mbaraka Mwinshehe Mwaruka (1944 - Januari 1979) alikuwa mpiga gitaa, mtunzi na mwimbaji wa muziki wa dansi kutoka nchini Tanzania. Anafahamika hasa kwa kazi zake na bendi za Morogoro Jazz na Super Volcano, na kwa wimbo wake "Shida".

== Muziki ==
Mbaraka alijiunga na Morogoro Jazz katikati ya miaka ya 1960. Wakati huo mji wa Morogoro ulikuwa pia makao ya Cuban Marimba, bendi ya Salum Abdallah, na ushindani wa bendi hizo mbili uliufanya mji huo kuwa maarufu kwa muziki. Ingawa bendi nyingi za Tanzania zilijiita "jazz", muziki wao ulikuwa dansi lenye asili ya rumba ya Kuba na ya Kongo.

Mbaraka alipiga gitaa la solo, huku akiimba na kutunga nyimbo. Kwa kawaida wimbo wa dansi huanza na mashairi, kisha hufuata chemko, ambapo magitaa hushika nafasi ya waimbaji. Hapo ndipo ufundi wake ulipoonekana zaidi.

Mwaka 1970 Morogoro Jazz iliiwakilisha Tanzania katika maonyesho ya dunia ya Expo 70 mjini Osaka, Japani. Mwaka 1973 Mbaraka aliiacha bendi hiyo na kuanzisha Super Volcano, iliyotumia mtindo wa Masika.

== Kurekodi nchini Kenya ==
Redio Tanzania Dar es Salaam ilirekodi bendi nyingi, lakini kwa ajili ya kurusha nyimbo hewani. Mwanamuziki aliyetaka sahani za santuri ziuzwe madukani alilazimika kwenda Nairobi, kulikokuwa na kampuni za kurekodi na kiwanda cha kutengeneza santuri. Kwa sababu hiyo soko la Kenya lilikuwa muhimu kwa Mbaraka, na huko alipata mashabiki wengi. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika na Tanzania ikafunga mpaka wake na Kenya.

== Kifo ==
Mbaraka alifariki kwa ajali ya gari mjini Mombasa mnamo Januari 1979, mpaka ukiwa bado umefungwa. Baada ya kifo chake, nyimbo zake zilikusanywa na kutolewa upya katika mfululizo wa santuri ulioitwa Ukumbusho.