Swali la Sayansi na Maneno Yanayolibeba

Tuseme mwalimu wa kidato cha kwanza ameandika swali hili katika jaribio la sayansi: "Mfuko wa sukari una uzito wa kilo 6 hapa duniani. Je, ukipelekwa mwezini utakuwa na uzito wa kilo ngapi?" Mwongozo wake wa kusahihisha unasema jibu ni kilo 1, kwa kuwa mvuto wa mwezi ni takriban sehemu moja ya sita ya mvuto wa dunia. Mwanafunzi wa kwanza ameandika kilo 1, akapewa alama. Wa pili ameandika kilo 6, akakosa.

Kwa lugha ya fizikia, aliyekosa ndiye aliye karibu na ukweli. Kilo ni kipimo cha tungamo (wengine husema masi), yaani kiasi cha sukari chenyewe, na sukari haipungui hata punje kwa kusafirishwa mwezini. Kinachopungua ni uzito, yaani nguvu ambayo mwezi unauvutia ule mfuko, na uzito hupimwa kwa nyutoni: kama 60 hapa duniani na kama 10 kule. Hata hivyo hatuwezi kumsifu mwanafunzi wa pili bila kujua aliwaza nini. Huenda anaijua tofauti hiyo vizuri. Huenda pia hajasikia habari zozote za mvuto wa mwezi, akarudia tu namba aliyoiona kwenye swali. Na yule wa kwanza huenda amegawanya sita kwa sita kwa sababu alikaririshwa hivyo. Mwalimu ana majibu mawili mkononi na hajapata habari yoyote kuhusu uelewa wa wanafunzi wake.

Kosa halikuanzia kwenye fizikia. Lilianzia kwenye neno "uzito". Sokoni, uzito ndio kilo na kilo ndio uzito. Muuzaji anayepima sukari hana haja ya kutenganisha mambo haya. Mwanafunzi anayezungumza Kiganda nyumbani ana "obuzito", na neno hilo nalo hubeba maana zote mbili. Mtunga swali alitumia neno la sokoni huku akidai jibu la maabara.

Makala haya yanakusudia kuwaonyesha walimu wa lugha, na wanafunzi wetu watakaokuwa walimu, kwamba upimaji wa dhana za sayansi katika madarasa ya chini ya sekondari ni jambo linalotuhusu. Najua baadhi ya wenzangu watauliza: sisi hapa Uganda, ambako sayansi hufundishwa kwa Kiingereza, tunaingiaje? Tunaingia kwa njia mbili. Kwanza, mtaala wa sekondari ya chini ulioanza kutumika mwaka 2020, ambao mtihani wake wa kwanza wa kitaifa ulifanyika mwaka 2024, unataka maswali yenye muktadha: mwanafunzi husomewa kisa cha mkulima, fundi au muuza duka, kisha hutakiwa kutumia alichojifunza. Swali la namna hii lina maneno mengi kuliko lile la zamani la "taja sehemu nne za ua", na kila neno ni mlango wa kuelewa au wa kupotea. Pili, mtaala huohuo ulikifanya Kiswahili kuwa somo la lazima katika kidato cha kwanza na cha pili. Watoto walewale wanaotoka kwenye kipindi cha fizikia ndio wanaoingia kwetu, nasi tunawafundisha maneno joto, nguvu, kazi na uzito bila kuuliza maneno hayo yamewafanyia nini saa moja iliyopita.

Tofauti kati ya kujua jibu na kuelewa dhana imewashughulisha wataalamu kwa miaka mingi. Mwaka 1992, David Hestenes na wenzake wawili wa Marekani walichapisha jaribio la dhana ya nguvu na mwendo lisilo na hesabu hata moja. Maswali yake yameandikwa kwa lugha ya kila siku, na majibu yasiyo sahihi hayakubuniwa hovyo. Yametokana na fikra ambazo watu wengi huwa nazo kabla ya kusoma fizikia. Ilionekana kwamba wanafunzi waliokokotoa vizuri kwa kanuni walikwama walipoulizwa tu kitu kitaelekea wapi na kwa nini. Eric Mazur wa Chuo Kikuu cha Harvard amesimulia kwamba alipowapa wanafunzi wake jaribio la aina hii, mmoja alimuuliza ajibu vipi: kama alivyofundishwa, au kama anavyowaza yeye mwenyewe siku zote? Mwanafunzi huyo alikuwa amefika chuo kikuu na fizikia mbili kichwani, moja ya mtihani na moja ya maisha. Huyu wetu wa kidato cha kwanza ana hizo mbili pia, na mara nyingi kila moja ina lugha yake.

Tuitazame sasa lugha yenyewe. Kiswahili, kama lugha nyingine zote, kina nadharia za kisayansi zilizojificha katika semi za kawaida. Tunasema "funga dirisha, baridi isiingie", kana kwamba baridi ni kitu kinachosafiri. Tunasema "blanketi hili lina joto", ilhali blanketi halina joto lake. Linazuia tu la mwili lisitoroke. Tunasema pasi "inakula" umeme na kwamba yuniti "zimeliwa". Ukimpa mwanafunzi taa mbili zinazofanana, zimeunganishwa moja baada ya nyingine kwenye betri moja, ukamuuliza ipi itawaka zaidi, usishangae akichagua ile ya kwanza, kwa hoja kwamba imekula umeme kabla haujafika kwa mwenzake. Taa hizo huwaka sawasawa. Mkondo wa umeme hauliwi. Unaotoka betrini ndio unaorudi. Kinachotumika ni nishati. Mwanafunzi hakukosa kwa uvivu; amefuata sitiari ya lugha yake hadi mwisho wake.

Mfano ulio mgumu zaidi ni wa chakula cha mimea. Mabwana shamba wamezoea kusema, kwa nia njema kabisa, kwamba mbolea ni chakula cha mimea. Kisha mwalimu wa baiolojia anauliza: "Mimea hupata wapi chakula chake?" Anayejibu "udongoni" anakosa, ingawa amerudia alichoambiwa shambani na mtu mzima mwenye cheti. Hapa inafaa kumkumbuka Jan Baptist van Helmont, ambaye maandishi yake yalichapishwa mwaka 1648, baada ya kifo chake. Alipanda mche wa takriban kilo 2.3 katika udongo mkavu uliopimwa kwanza, kama kilo 90, akawa anaumwagilia maji tu. Baada ya miaka mitano mti ulikuwa na kilo zipatazo 77, na udongo ulipokaushwa na kupimwa tena ulikuwa umepungua kwa gramu zisizofika 60. Akahitimisha kwamba mti wote umetokana na maji. Hapo alikosea, kwani hakujua kwamba sehemu kubwa ya mwili mkavu wa mti hutokana na kabonidayoksaidi iliyomo hewani. (Kwa mwongozo wetu wa kusahihisha, mzee huyu angepata nusu ya alama.) Badala ya kuuliza chakula kinatoka wapi, mpe mwanafunzi namba hizi za van Helmont, umuulize: zile kilo zaidi ya 70 zilizoongezeka zimetoka wapi, nawe umejuaje? Neno "chakula" halimo kabisa, na dhana yote imo.

Upo pia mtego wa upande wa pili, ambao sisi wapenzi wa istilahi huuona kwa shida kwa sababu tunauonea fahari. Istilahi nyingi za Kiswahili ziliundwa ziwe wazi. Kamusi Sanifu ya Biolojia, Fizikia na Kemia, iliyotolewa na TUKI mwaka 1990, ni hazina kubwa katika kazi hiyo. Lakini uwazi huo ukiingia katika karatasi ya mtihani huweza kuvujisha jibu. Ukiuliza "usanisinuru huhitaji nini kutoka juani?" jibu limo ndani ya swali, na asiyejua chochote kuhusu majani atalisoma humo. Ukiuliza "kipimajoto hupima nini?" hali ni mbaya zaidi: neno lenyewe linamnong'oneza mtoto kwamba kinapima joto, wakati sayansi inasema kinapima halijoto. Ndoo ya maji ya vuguvugu inaweza kuwa na joto jingi kuliko kikombe cha chai inayochemka, ingawa halijoto ya chai iko juu. Mtahiniwa anayejibu "joto" amelichambua neno kwa usahihi kabisa, kama tulivyomfundisha sisi katika mofolojia.

Suala jingine ni vitenzi vya kuamrishia. Kiingereza hutumia kitenzi kimoja kinapotaka mtu aseme jambo lilivyo, na kingine kinapotaka atoe sababu. Katika karatasi za Kiswahili vyote viwili aghalabu huangukia kwenye "eleza". "Eleza kutu inavyotokea kwenye msumari": je, mwanafunzi aseme msumari hubadilika rangi, hukwaruza na hatimaye humomonyoka, au aseme chuma huungana na oksijeni mahali penye maji? Majibu yote mawili ni maelezo. Mtahini anayetaka sababu na aandike "kwa nini". Ni maneno mafupi, hayana sura ya kitaalamu, na hakuna mtoto asiyeyaelewa.

Mbinu moja ya kutenganisha bahati na uelewa ni swali la ngazi mbili, ambalo David Treagust wa Australia alilifafanua mwaka 1988. Ngazi ya kwanza huuliza kitakachotokea. Ya pili huuliza sababu, na chaguo zake hutokana na yale ambayo wanafunzi wenyewe husema. Chukua mfano huu wa kwetu. Muuza samaki ana madonge mawili ya barafu yanayolingana, yote kivulini. Moja liko wazi, jingine amelifunika kwa gunia nene kavu. Lipi litaisha kuyeyuka kwanza? Kisha: umechagua hilo kwa sababu gunia (a) lina joto lake, (b) huzuia baridi ya barafu isitoke, (c) hupunguza joto linaloingia kutoka nje? Anayesema kwamba la wazi litatangulia amepata ngazi ya kwanza. Ila akichagua (b), bado anaiona baridi kuwa kitu kinachotoka na kuingia, na mwalimu sasa anajua aanzie wapi kesho. Jaribio la kawaida lingempa alama kamili na kumwacha na fikra yake. Atakayechagua (a) pamoja na donge lililofunikwa ana msimamo usio sahihi lakini unaoshikamana, naye mara nyingi ni rahisi kumsaidia: mletee barafu, gunia na nusu saa.

Yote haya yanakuwa mazito zaidi pale lugha ya mtihani inapokuwa ngeni kwa mtahiniwa. Tanzania ndiyo mfano unaojulikana sana, kwa kuwa katika shule za umma mtoto husoma sayansi ya msingi kwa Kiswahili, kisha huikuta kwa Kiingereza anapoanza sekondari. Mradi wa LOITASA, ulioanza mwaka 2002 ukihusisha vyuo vikuu vya Oslo, Dar es Salaam na Western Cape, ulilinganisha masomo yaliyofundishwa kwa lugha hizo mbili. Huko Zanzibar, mradi mwingine ulioongozwa na Pauline Rea-Dickins wa Chuo Kikuu cha Bristol, kwa kushirikiana na Chuo Kikuu cha Taifa cha Zanzibar, uliuchunguza mtihani wa kidato cha pili wenyewe: nini hutokea maswali yanaporahisishwa lugha au kuulizwa kwa Kiswahili. Kazi za namna hii zimeonyesha kwamba nafasi iliyoachwa tupu kwenye karatasi haina maana kwamba kichwa nacho ni kitupu.

Lakini tusijidanganye kwamba kutafsiri kunatosha. Swali la sukari niliyoanza nalo lilikuwa katika Kiswahili safi na bado halikupima kitu. Hivi ndivyo ningelirekebisha: "Mfanyabiashara amekwenda mwezini na mizani mbili. Moja ina sahani mbili na mawe ya kupimia. Nyingine ni ya springi ya kuning'iniza. Sukari ileile aliyoipima duniani anaipima tena kwa zote mbili. Ipi itasoma kama mwanzo, ipi itabadilika, na kwa nini?" Mizani ya mawe haitabadilika, kwa kuwa mwezi huvuta mawe na sukari kwa kadiri ileile, ya springi itasoma sehemu moja ya sita. Neno "uzito" halikutajwa. Mwanafunzi akipata jibu na sababu yake, ameelewa, na hapo ndipo mwalimu anaweza kumpa maneno mawili ya kitaalamu ya kutajia vitu viwili ambavyo tayari ameviona.

Kabla ya karatasi kupigwa chapa, tafuta wanafunzi watano au sita wa darasa la juu kidogo. Usiwaombe wajibu. Wasomee swali mojamoja, kila mmoja akueleze kwa maneno yake, na kwa lugha yoyote aipendayo, swali linamtaka afanye nini. Andika wanachosema hata kama kinakuudhi. Wakitofautiana, kalamu ya kusahihishia ianze na swali.