Kabla ya Kutazama, Nawa Mikono

Mgeni anayekuja kututembelea katika kambi ya wakimbizi ya Dzaleka, Malawi, tofauti na yule anayeletwa na gari la shirika, huanza na swali moja: anaruhusiwa kupiga picha? Ni swali la heshima, nami humjibu kwa heshima. Lakini katika miaka yote niliyowatembeza wageni kambini nimetamani kusikia swali la mtu anayebisha hodi kwa watu: nifanye nini kwanza?

Aliyenifungua macho ni dada mmoja wa Kijapani. Vijana wa Japani wamekuwa wakija Malawi kujitolea tangu 1971, na huyu kabla ya kupangiwa Lilongwe alikuwa akiwaongoza watalii kwa miguu kwenye mahekalu ya kwao. Tulikutana siku za Tumaini, tamasha la hapa kambini, nikamtembeza kutoka mtaa wa Kawale hadi sokoni. Njiani hakuniuliza idadi ya wakimbizi wala mgawo wa chakula. Aliniuliza wageni wangu wananawia wapi. Nilipomwambia sijaelewa, akaanza kunieleza kazi yake ya zamani, na tangu siku ile nimekuwa nikisoma na kuuliza juu ya matembezi hayo kila nipatapo nafasi.

Japani ina sehemu takatifu za aina mbili, na mwongozaji huanza kwa kuzitofautisha. Kuna za dini ya Shinto, dini ya asili ya Wajapani, na kuna mahekalu ya Kibudha. Za Shinto utazijua kwa lango liitwalo torii: nguzo mbili zilizosimama na boriti mbili zilizolala juu yake, mara nyingi za rangi nyekundu. Hakuna mlango wala komeo. Hata hivyo mtu hapiti hivi hivi. Anasimama, anainamisha kichwa, kisha anapita pembeni, kwa kuwa katikati ya njia ni mapito ya mwenye mahali.

Mbele kidogo kuna birika la mawe lenye maji yanayotiririka, na kata zenye mipini mirefu zimelazwa juu yake. Hapo ndipo dada yule alisimama katikati ya barabara yetu ya vumbi akanionyesha kwa mikono mitupu. Unateka mara moja tu, na maji ya kata hiyo moja yatoshe kazi yote. Mkono wa kushoto kwanza, halafu wa kulia. Unamimina kidogo kwenye kiganja cha kushoto, unasukutua, unatema chini pembeni bila kata kugusa midomo. Mwisho unaisimamisha kata wima ili maji yaliyobaki yateremke na kuosha mpini ulioshikwa na mkono wako, kwa ajili ya anayekuja nyuma. Hilo la mwisho lilinigusa kuliko yote. Mtu amekuja kuomba lake, na bado amewekewa hatua ya kumfikiria asiyemjua.

Mbele ya jengo lenyewe mwombaji anatupa sarafu kwenye sanduku, anainama mara mbili, anapiga makofi mawili, anaomba kimoyomoyo, kisha anainama tena mara moja. Kwenye hekalu la Kibudha makofi hayapigwi. Viganja hukutanishwa kimya. Jirani yangu, mama wa Kiislamu kutoka Bujumbura, nilipomsimulia habari ya maji alisema hilo si jambo geni kwake, yeye hutawadha mara tano kwa siku. Wakristo wenzangu waliniuliza kama huko si kuabudu miungu mingine. Niliwajibu nilivyojibiwa mimi: mgeni halazimishwi kupiga makofi wala kuomba. Anaombwa anawe, apite pembeni, na apunguze sauti.

Matembezi mengi ya namna hii yana saa ya tafakuri. Mjini Kamakura, karibu na Tokyo, hekalu la Engakuji lililoanzishwa 1282 huwafungulia watu wa kawaida vikao vya zazen, yaani tafakuri ya kukaa ya mkondo wa Kibudha uitwao Zen. Unakaa juu ya mto, miguu umeikunja, mgongo wima. Macho hayafumbwi, yanabaki nusu wazi yakitazama sakafu, hatua moja hivi mbele yako. Unahesabu pumzi kutoka moja hadi kumi, kisha unaanza upya. Wazo litakuja, iwe deni la unga au mtoto anayekohoa usiku. Hulifukuzi wala hulifuati. Unarudi kwenye moja.

Miguu ikishakufa ganzi, kengele inalia na watu wanasimama watembee kwa safu, mikono imekutanishwa kifuani. Katika madhehebu ya Soto, yaliyoletwa na mtawa Dogen ambaye alianzisha hekalu la Eiheiji mwaka 1244, hatua ni nusu wayo kwa kila pumzi. Katika madhehebu ya Rinzai wanatembea kwa kasi. Namna zote mbili ni tafakuri sawa na kukaa. Kwa msomaji wa Afrika Mashariki anayetaka kujaribu kukaa hivyo chini ya mwalimu, Japani si lazima: Dar es Salaam kuna hekalu la Kibudha la tangu enzi ya Mwingereza, lililojengwa na watu wa Sri Lanka, na Uganda kuna kituo cha Wabudha kilichoanzishwa 2005 na Mganda, mtawa Buddharakkhita. Hao si wa mkondo wa Zen, ila pumzi ni ile ile.

Kisha kuna njia ndefu. Katika kisiwa cha Shikoku mahujaji huzunguka mahekalu 88, mwendo wa kilomita 1,200 hivi, wakiwa na mavazi meupe na fimbo. Mwenye njia ni mtawa Kukai, aliyeishi kutoka 774 hadi 835 na ambaye Wajapani humwita Kobo Daishi. Fimbo ya hujaji ndiyo yeye, kwa hiyo hata anayetembea peke yake huhesabiwa kuwa watu wawili. Wanasimulia kwamba akiwa safarini karibu na mji wa Ozu alinyimwa pa kulala, akalala chini ya daraja. Ndiyo maana mpaka leo hujaji akifika darajani huinua fimbo, haigongi, asije akamwamsha aliyelala chini.

Nimewasimulia kisa hicho watu wengi hapa Dzaleka, na hakuna aliyehitaji kuelezwa. Sisi ni watu tuliowahi kunyimwa pa kulala. Wenyeji wa Shikoku nao huwapa mahujaji chungwa, chai, pengine hata malazi bure, na hujaji hatakiwi kukataa. Anayepokea anamtendea wema anayetoa, maana amempa nafasi ya kushiriki safari.

Mtawa huyo huyo alianzisha makao ya Koyasan, mlimani, mwaka 816. Huko kuna mahekalu zaidi ya 50 yanayopokea wageni walale, wale chakula kisicho na nyama, waamke alfajiri kwa sala. Njia ya kwenda kaburini kwake inapita kati ya mierezi mirefu na makaburi zaidi ya 200,000. Mwishoni kuna daraja dogo. Ukilivuka, kofia inavuliwa na picha hazipigwi tena. Mwongozaji hana haja ya kubishana na mtu, kwa kuwa kila hatua tangu langoni ilikuwa ikimwandaa mgeni kwa daraja hilo.

Sasa nirudi nyumbani. Dzaleka iko wilaya ya Dowa, kilomita 40 na kitu kaskazini mwa Lilongwe. Enzi ya Rais Kamuzu Banda palikuwa na gereza la wafungwa wa kisiasa. Mwaka 1994 pakafanywa kambi ya wakimbizi, ikakadiriwa kwa watu 10,000 hadi 12,000, na leo tumepita 50,000: Wakongo, Warundi, Wanyarwanda, Waethiopia, Wasomali. Mwaka 2014 mshairi wa Kongo Menes La Plume, naye akiwa mkimbizi hapa, akaanzisha tamasha la Tumaini. Wamalawi wanakuja kutoka Lilongwe kwa minibasi na kwa matola, yaani malori yanayobeba abiria, Wazungu wanakuja, na wengine hulala majumbani mwetu, wakila sombe na ugali pamoja na watoto wetu. Tamasha hilo limefanya kitu ambacho semina haziwezi. Limemfanya Mmalawi alale kwa mkimbizi na kuamka salama.

Lakini matembezi yenyewe ya kambini bado yananiuma. Kundi linapita, linasimama kwenye mjigo, yaani pampu ya maji, akina mama wakiwa foleni na ndoo, simu zinainuliwa. Mama anageuza uso au anavuta kitenge. Hakuna aliyekusudia ubaya. Kosa ni la mpangilio: mgeni amepewa la kutazama kabla hajapewa la kufanya.

Kwa hiyo nimeanza kupanga njia upya. Kituo cha kwanza si mjigo wala ofisi, ni nyumba. Mtoto wa nyumba anatoka na jagi na beseni, anamwagia kila mgeni maji mikononi, kama tunavyofanya kabla ya kula. Mgeni naye anapokea jagi na kummwagia anayemfuata. Wanakaa mkekani, wanakunywa chai, wanataja majina na walikotoka, wenyeji na wageni sawa. Baada ya hapo tunatembea kutoka nyumba za mwisho hadi penye mwinuko bila mtu kusema, na simu zimo mifukoni. Mara ya kwanza nilipojaribu, niliyasikia mambo niliyokuwa nikiyafunika kwa maelezo yangu: kinu kinatwanga, kwaya inarudia ubeti mmoja wa Kiswahili, adhana, cherehani ya kanyagio. Tulipofika juu na nikawaruhusu kusema, walianza kuniuliza habari za watu waliowaona, kwa majina yao.

Wenyeji wetu Wachewa hawakungoja Mjapani awafundishe haya. Kusini mwa Lilongwe kuna Msinja, alikoishi Makewana, mwanamke mwombaji wa mvua, na ilikotunzwa ngoma takatifu Mbiriwiri. Mpakani na Msumbiji, katika milima ya Dzalanyama, kuna Kaphirintiwa, mwamba ambao mapokeo yao yanasema una nyayo za watu na wanyama wa kwanza kutoka enzi jiwe likiwa bado laini. Dedza wana michoro ya mapangoni ya Chongoni, iliyoingizwa katika urithi wa dunia mwaka 2006. Sehemu hizi zina wenyewe, na mtu wa kwanza kuulizwa ni chifu. Natamani sana siku moja mgeni aianze safari Msinja, kwa kibali na kwa adabu za huko, aimalize kwetu.

Njia ya Msinja si yangu kuiongoza. Aiongoze Mchewa. Tena sisi wakimbizi tunatakiwa kukaa kambini, kutoka kunahitaji ruhusa, na mwaka 2023 serikali iliwaamuru waliokuwa wakiishi na kufanya biashara mijini warudi Dzaleka. Ninachoweza ni kumpokea mgeni barabarani anaposhuka kwenye matola.

Liko pia suala la fedha, nalo nimelipigania kwenye vikao vyetu. Nyumba inayotoa maji na chai ilipwe siku hiyo hiyo, mkononi, kabla kundi halijaondoka. Mwongozaji alipwe baadaye. Na kundi lisizidi watu wanane, kwa sababu mkeka wa nyumba zetu haupokei zaidi ya hapo, na yule wa tisa atabaki amesimama mlangoni akitazama.