Jimbo likijitenga, mgeni ni nani? Somo la Kapkatet kwetu Wapwani

Kila uchaguzi ukimalizika na Pwani ikahisi imeachwa nje, neno moja hurudi barazani: kujitenga. Tulilisikia kwenye wito wa "Pwani si Kenya" wa Mombasa Republican Council, MRC. Tukalisikia tena Novemba 2017, baada ya uchaguzi wa marudio wa urais, pale magavana wa wakati huo, Hassan Joho wa Mombasa na Amason Kingi wa Kilifi, waliposema hadharani kwamba wataka Pwani ijitenge na Kenya.

Mjadala wetu mara nyingi huishia kwenye haki. Je, tuna haki ya kwenda zetu au hatuna? Swali hilo ni zuri, lakini liko jingine ambalo halipewi nafasi. Jimbo likishajitenga, au hata likianza tu kujiandaa, siasa ya ndani yake hugeuka vipi? Nani huwa mwenyeji, na nani huamka asubuhi akaambiwa ni mgeni?

Kwa swali hilo yafaa tuiache bahari kidogo, twende Kapkatet.

Yaliyosemwa Kapkatet

Kapkatet ni mji mdogo wa kaunti ya Kericho, karibu na mpaka wa Bomet, katikati ya nchi ya chai. Septemba 1991, wakati shinikizo la vyama vingi lilipokuwa limepamba moto, wanasiasa wa KANU kutoka Bonde la Ufa walifanya mikutano ya hadhara, kwanza Kapsabet, kisha Kapkatet. Ujumbe wao ulikuwa kwamba wanaodai vyama vingi wakishikilia, basi na majimbo yarudi. Na majimbo yakirudi, waliohamia Bonde la Ufa kutoka kwingine warejee walikotoka.

Hapa yafaa tutenganishe mambo mawili. Majimbo ni kugawana madaraka mkiwa nyumba moja. Kujitenga ni kuihama nyumba. Katiba ya majimbo iliyoanza kazi Juni 1963 iligawa Kenya mikoa saba yenye mabaraza yake, mbali na Nairobi, na waliyoipigania zaidi walikuwa viongozi wa KADU, wakiwemo Ronald Ngala wetu wa Pwani na Daniel arap Moi wa Bonde la Ufa. Serikali ya KANU iliinyima pumzi. Novemba 1964 KADU ikavunjwa, na Desemba ile Kenya ikawa jamhuri yenye mamlaka yaliyorundikwa Nairobi.

Kwa hivyo neno lililotamkwa Kapkatet lilikuwa lile lile la Ngala, ila maana yake ilikuwa imebadilika. Jimbo halikuwa tena mpango wa utawala. Lilikuwa mali ya kabila, na aliye ndani bila ya kuwa wa kabila hilo akawa doa. Waliitwa hivyo hasa: madoadoa.

Oktoba 1991 mapigano yalianza shamba la Meteitei, Nandi, yakaenea Bonde la Ufa na mipakani mwa Nyanza na Magharibi. Kamati teule ya Bunge iliyoongozwa na Kennedy Kiliku, mbunge wa Changamwe hapa Mombasa, ilihesabu mwaka 1992 watu 779 waliokufa. Mwaka uliofuata Human Rights Watch ilikadiria waliokufa kuwa 1,500 na waliong'olewa makwao 300,000.

Dhuluma ya kweli, shingo isiyo yake

Usidhani watu wa Kericho hawakuwa na lao. Wakoloni waliwanyang'anya Wakipsigis ardhi nzuri kwa ajili ya mashamba makubwa ya chai. Ukoo wa Talai ulihamishwa kwa nguvu mwaka 1934 na kupelekwa Gwassi, ufukweni mwa ziwa. Dhuluma hiyo haikutengenezwa na mwanasiasa yeyote wa 1991.

Lakini tazama hasira ilikotua. Mashamba makubwa ya chai hayakuguswa. Aliyeguswa ni mkulima wa ekari mbili aliyenunua kipande chake, mwenye duka na mwalimu. Na baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, vibarua wa chai kutoka makabila mengine nao wakafukuzwa. Walioichukua ardhi walikuwa mbali, ila jirani alikuwa karibu.

Sisi tuna yetu. Usiku wa tarehe 13 Agosti 1997 kituo cha polisi cha Likoni kilivamiwa, askari wakauawa, kisha wabara wakaanza kuwindwa. Watu zaidi ya 100 walikufa na wengi zaidi wakakimbia. Kisingizio kilikuwa ardhi, kazi na ubwana wa bara, mambo ambayo kila Mpwani ayajua. Ila mwenye hati ya maelfu ya ekari anayeishi ng'ambo hakupoteza hata mche mmoja. Aliyekufa alikuwa muuza mboga wa Likoni, na hoteli zilipokosa wageni, waliopoteza kazi ni vijana wetu wenyewe.

Hii ndiyo athari ya kwanza ya siasa ya kujitenga, na huanza kabla hata bendera mpya haijashonwa. Swali la "tutawaliwe vipi?" huondoka, likaja la "wewe ni wa wapi?" Na likishaingia halikomi kwa wabara. Pwani ina Wamijikenda, Waswahili, Wataita, Wapokomo, Waorma, Wabajuni, Waarabu na wengine. Leo sote ni wachache ndani ya Kenya. Kesho, ndani ya Pwani peke yake, yupo atakayekuwa mkubwa na yupo atakayekuwa mdogo, na huyo mdogo atauliza: mbona Nairobi yangu imehamia jirani?

Serikali kuu hukaza kamba

Athari ya pili ni kwamba dola inayotishiwa hujikaza. Mfano uko mlangoni petu. Mwaka 1962 tume ya Waingereza iliona kwamba Wasomali wengi wa Kaskazini Mashariki walitaka kuungana na Somalia. Hawakukubaliwa. Desemba 1963, wiki chache tu baada ya uhuru, serikali ilitangaza hali ya hatari na vita vya shifta vikaendelea hadi 1967. Vita viliisha, sheria za hatari hazikuisha. Zilibaki mpaka 1991, na Lamu na Tana River nazo zilikuwa chini yake.

Wabajuni hawakuwa wamedai kujitenga na yeyote. Hata hivyo vijiji vyao vya bara la Lamu kuelekea Kiunga vilitoka watu, wakakimbilia visiwani, Malindi na Mombasa. Wengi hawakurudi tena kwenye mashamba yao. Vita vya kutaka kuhama nyumba viliwaondoa wale ambao hawakutaka kuhama.

MRC nayo ilipigwa marufuku Oktoba 2010. Mahakama Kuu ya Mombasa iliiondoa marufuku hiyo Julai 2012, lakini miezi michache baadaye mwenyekiti wake, Omar Mwamnuadzi, alikamatwa.

Hata ukifaulu

Wako watakaosema: hao walishindwa, sisi tutafaulu. Basi tumtazame aliyefaulu. Eritrea iliunganishwa na Ethiopia kwa shirikisho mwaka 1952. Mwaka 1962 Addis Ababa ikalifuta shirikisho hilo, na vita vikadumu kwa takriban miaka 30. Mwaka 1993 Waeritrea walipiga kura ya maoni, wakawa huru kwa amani.

Miaka mitano baadaye nchi hizo mbili zilipigana kwa sababu ya mpaka wa mji mdogo wa Badme. Makumi ya maelfu ya watu wenye asili ya Eritrea wakafukuzwa Ethiopia, na Eritrea nayo ikawafukuza Waethiopia. Hoja ya Ethiopia ilikuwa kwamba waliopiga kura mwaka 1993 walikwisha jichagulia uraia. Kura ya furaha ikageuzwa ushahidi dhidi ya mpigaji. Ethiopia kwa upande wake ilibaki bila ya bandari, mizigo yake ikahamia Djibouti, na Assab ikabaki na gati lisilo na meli.

Wapwani tuisome hiyo Assab vizuri. Chai ya Kapkatet hushuka Mombasa, ambako mnada wake umekuwa tangu 1969, pamoja na chai ya nchi jirani. Maghala ya Shimanzi na Changamwe, madereva, makuli na mawakala wala kutokana na jani lililochumwa Kericho. Bara bila ya bandari hutaabika, kweli. Bandari bila ya bara nayo hulala njaa.

Na kutambuliwa ni jambo jingine. Somaliland ilijitangaza huru Mei 1991, ikakaa zaidi ya miaka 30 bila ya kutambuliwa na nchi yoyote mwanachama wa Umoja wa Mataifa. Tangu 1964 viongozi wa Afrika walikubaliana kwamba mipaka ya ukoloni isiguswe.

Basi tufanyeje?

Kuna jambo la kushangaza katika katiba mbili za majirani. Ibara ya 39 ya Katiba ya Ethiopia yatoa haki ya kujitenga. Ibara ya 39 ya Katiba ya Kenya yatoa haki ya kila Mkenya kuishi popote nchini. Haki kama hiyo ya pili ndiyo iliyovunjwa baada ya uchaguzi wa 2007 katika nchi ya chai, kabla ya Katiba ya 2010, na ndiyo imlindayo Mswahili mwenye duka Kericho na Mkipsigis dereva wa lori anayelala Miritini.

Hayo hayafuti madai yetu. Makubaliano ya tarehe 5 Oktoba 1963 kati ya Kenyatta na Mohamed Shamte wa Zanzibar yaliahidi mambo kuhusu Mwambao, na Mahakama ya Kadhi imebaki katika Katiba mpaka leo kwa sababu watu waliifuatilia. Ugatuzi wa 2010 ulirudisha sehemu ya alichokitaka Ngala, na Katiba yataka kaunti zipate si chini ya asilimia 15 ya mapato ya taifa. Ardhi ya maskwota, mapato ya bandari na nafasi za kazi ni madai ya kudaiwa kwa jina lake, kwa yule aliyeyashika, awe Nairobi au awe ofisi ya gavana wetu hapa hapa.

Kwa hivyo atakayekuja uchaguzi ujao na wimbo wa kujitenga, tusimfukuze barazani. Tumuulize matatu. Siku ya kwanza ya dola yako, jirani yangu wa bara alala wapi? Mbajuni na Mpokomo wana kiti gani? Na lile shamba la tajiri aliye ng'ambo, litagawiwa nani? Akiyajibu, tumsikilize. Akiyakwepa, tukumbuke Kapkatet. Wahenga walisema ukitaka kuruka, agana na nyonga.