Niangalizie Mzigo, Nakuja

Katika stesheni ya Kilosa mtu hajui hata jina la aliyeketi naye, lakini anamwachia kila alichonacho. "Shikamoo mama. Niangalizie mzigo, nakunywa chai hapo nje." "Marahaba mwanangu, nenda tu." Mama anakivuta kiroba karibu na miguu yake, anaendelea kumenya chungwa. Haulizi mna nini ndani. Naye akitaka kuinuka, anamkabidhi wa pembeni: "Hiki cha yule kijana wa shati la bluu, atarudi." Kijana anarudi, anakikuta kwa mtu wa tatu, anashukuru, na hapo maongezi ya bei ya mahindi yanaanza.

Mimi naamini uaminifu huu umelelewa na kungoja. Wajerumani walianza kuijenga Reli ya Kati Dar es Salaam mwaka 1905, ikafika Kigoma 1914. Ukitoka Kilosa kwenda bara, reli inafuatana na Mto Mkondoa, na mto huo umeitesa sana. Mafuriko ya Desemba 2009 na Januari 2010 yalizoa tuta na kukata safari kwa miezi. Ndiyo maana msafiri wa huku hubeba chakula cha akiba na kanga ya kutandika, na chakula hicho hakili peke yake wakati jirani anamtazama.

Kule Kidatu, karibu na milima ya Wavidunda, hata shehena hungoja. Reli inayotoka Kilosa kupitia Mikumi ina upana wa milimita 1,000. Ya TAZARA, reli ya kwenda Zambia inayokutana nayo hapo, ina 1,067. Kwa tofauti hiyo ndogo, behewa la huku halipiti kule, mzigo lazima uhamishwe.

Sasa Kilosa ina pia kituo cha treni ya umeme, iliyoanza safari za Dar es Salaam na Morogoro Juni 2024 na kufika Dodoma mwezi uliofuata. Nimeifurahia kwa moyo wote. Mgonjwa hastahili kukesha kwenye benchi. Ila wanaopanga viti vya vituo wavipange vitazamane, siyo vyote vielekee ubao wa ratiba. Mama mwenye mtoto mgongoni na viroba viwili bado atataka kwenda msalani kabla ya safari, na atahitaji kuziona sura za watu ili ajue amwombe nani.