Shamba la Babu na Hati ya Mtu Mmoja

Ugogoni, nchi ya Wagogo huko Dodoma, mali ambayo ukoo uliilinda kwa macho makali tangu zamani ni ng'ombe. Ardhi ilikuwa pana, mvua haba. Mtu alifyeka pori akalima uwele na mtama, na shamba likawa lake maadamu analilima. Akihama kufuata maji na malisho, mwingine aliweza kuja kulima pale pale. Mtemi, mwenye kiti cha enzi na mawe ya mvua, aliitunza nchi kwa matambiko, wala hakuwa na ruhusa ya kuiuza.

Ng'ombe walikuwa na utaratibu wao. Mwenye kaya aliyeoa wake wawili au watatu aligawa mifugo kwa kila nyumba, na watoto wa nyumba ile walijua fungu lao baba akiwa bado hai. Ng'ombe wengine aliwapeleka kwa jamaa na marafiki wa mbali, ili ukame au ugonjwa ukipiga upande mmoja, kundi lisiishe lote. Aliyewapokea alikunywa maziwa na kutia samadi shambani mwake, lakini ndama aliyezaliwa alikuwa wa mwenyewe. Karatasi haikuwepo. Walikuwepo mashahidi, na wana walielezwa mapema ng'ombe gani yuko kwa nani. Kushika mali ya wenzako bila kuigeuza yako lilikuwa jambo la heshima, na aliyekana amana alijiharibia jina yeye na watoto wake.

Maadili hayo ndiyo yanayojaribiwa leo, na safari hii mali yenyewe ni ardhi.

Mabadiliko yalikuja kwa hatua. Operesheni Dodoma ya 1970 na 1971 iliwahamishia watu kwenye vijiji vya pamoja, wakaacha mahame yenye mibuyu na makaburi ya wazee. Mwaka 1973 ukapitishwa uamuzi wa kuhamishia makao makuu ya nchi Dodoma, na Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, CDA, ikapewa kazi ya kupanga mji. Serikali ilianza kuhamia kwa kasi 2016, CDA ikavunjwa 2017, na 2018 Dodoma ikawa jiji. Maeneo kama Nala, Ihumwa, Iyumbu na Mtumba, yaliyojulikana kwa mashamba na malisho, sasa yanatajwa kwa viwanja. Hame ambalo halikuwa na mgombezi limepata bei, na penye bei hapakosi dalali.

Kisha anafika mpimaji na kuuliza, "Tuandike jina la nani?" Ndugu wanatazamana, na kwa heshima ya umri wanamtaja kaka mkubwa. Hakuna anayetilia shaka siku hiyo. Shaka huja miaka kadhaa baadaye, kaka anapouza nusu ya eneo, au anapofariki na watoto wake wakasema shamba ni la baba yao peke yake. Hapo kila upande hutafuta ushahidi: ua wa minyaa uliopandwa na babu, kaburi lililo karibu na palipokuwa zizi, mzee jirani anayekumbuka nani alifyeka kwanza. Wazee hao wanapungua, na minyaa hung'olewa usiku mmoja.

Mvutano mwingine huanzia kwenye kikao cha ukoo baada ya msiba. Wazee hukaa, katibu huandika muhtasari kwenye daftari, waliopo hutia sahihi au dole gumba, na jina la msimamizi wa mirathi hupelekwa Mahakama ya Mwanzo. Wengi huamini kwamba aliyeteuliwa amekabidhiwa mali. Sheria haisemi hivyo. Msimamizi hukusanya mali, hulipa madeni, hugawia warithi haki yao, kisha hurudi mahakamani na hesabu ndani ya miezi minne. Kazi yake ni ileile ya mtunza ng'ombe wa jamaa yake: anashika kwa niaba.

Na mabinti? Sheria za mila zilizotangazwa na Serikali mwaka 1963 ziliwaruhusu wanawake kuitumia ardhi ya ukoo maisha yao yote, lakini si kuiuza. Mwaka 1990, katika shauri lililotoka Kagera, Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu, Mwanza, aliamua kwamba shangazi aliyeuza shamba alilorithi kwa baba yake alikuwa na haki sawa na ya mwanamume. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 ikabatilisha mila yoyote inayomnyima mwanamke ardhi. Hata hivyo, kwenye vikao vingi shangazi bado huombwa apike, asiombwe kusaini.

Mlango wa kwanza wa suluhu uko karibu. Baraza la ardhi la kijiji lina wajumbe saba, na wanawake wasiopungua watatu. Baraza la kata, tangu mabadiliko ya sheria ya 2021, hupatanisha tu bila kutoa hukumu. Likishindwa ndani ya siku 30, shauri huenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Lakini mpatanishi hufanya kazi kwa ushahidi aliopewa, na ushahidi wa ukoo umekuwa vichwani mwa watu.

Ndiyo maana nasema familia zisingoje kesi. Sheria inaruhusu hati ya hakimiliki ya kimila kutolewa kwa familia, na mjini inaruhusu umiliki wa pamoja. Mpimaji akiuliza jina, apewe majina yote: kaka, dada, na mjane. Muhtasari wa kikao utaje nani anashika nini na kwa niaba ya nani, na kila nyumba ibaki na nakala. Anayelipinga hilo kwa kisingizio cha mila aulizwe ni mila ipi, kwa sababu ile ya Wagogo ilimtaka mshika mali awataje wenye mali mbele ya mashahidi.