Kuchoma, Kugandisha au Kukata: Hesabu ya Mwanamke wa Majengo

Kipimo cha mlango wa kizazi kikionyesha seli zisizo za kawaida, mwanamke wa Majengo, awe wa Meru au wa Embu, huuliza mambo mawili: je, ni saratani? Na ni pesa ngapi? La kwanza kwa kawaida lina jibu la kutuliza. Seli hizo zinaweza kuelekea kwenye saratani, lakini bado si saratani. Mara nyingi huchukua zaidi ya miaka 10 kufika huko, na nyingine hazifiki kamwe.

La pili ndilo linalotaka kalamu na karatasi. Bei ya tiba yenyewe mara nyingi siyo inayomaliza mfuko. Kinachoumaliza ni nauli ya kwenda na kurudi, bili ya maabara ambayo hukutajiwa mapema, na siku ambazo kibanda chako cha soko la Gakoromone kilikaa kimefungwa. Kwa hivyo tumepima kila njia kwa mambo manne: inamfaa nani, inataka safari ngapi, inaleta bili gani nyingine, na inakuachia kazi gani baadaye.

Hesabu huanzia kwenye kipimo

Mwongozo wa kitaifa unawalenga hasa wanawake wa miaka 25 hadi 49. Kipimo chepesi ni cha siki, ambacho wauguzi hukiita VIA. Siki hafifu hupakwa kwenye mlango wa kizazi na sehemu yenye kasoro hugeuka nyeupe papo hapo. Faida yake ni kwamba unaweza kupata jibu na tiba siku moja.

Sampuli ya papsmia, yaani seli za mlango wa kizazi, hupelekwa maabara nawe unarudi nyumbani kusubiri. Ikirudi na kasoro, kwa kawaida hufuatwa na uchunguzi wa darubini na kukatwa kinyama kidogo cha kupimwa, kila kimoja na risiti yake. Kipimo cha HPV hutafuta virusi vinavyosababisha karibu saratani zote za mlango wa kizazi. Kinaitambua hatari mapema kuliko vingine, na mwanamke anaweza kujichukulia sampuli mwenyewe. Hata hivyo, ukikutwa na virusi bado lazima uangaliwe kabla ya kutibiwa.

Majibu ya kinyama yakisema CIN 1, yaani kasoro ya kiwango cha chini, njia nafuu kuliko zote ni kusubiri chini ya uangalizi, kwa maana mabadiliko hayo madogo mara nyingi huondolewa na kinga ya mwili. CIN 2 na CIN 3, za viwango vya juu zaidi, ndizo hutibiwa kwa kawaida. Ukiambiwa ulipie upasuaji leo leo kwa sababu ya CIN 1, uliza sababu kabla ya kutoa simu ulipe.

Kuchoma kwa joto

Mashine yake ni ndogo, ya kushika mkononi, na nyingine hutumia betri. Ncha yenye joto la nyuzi 100 hivi huwekwa kwenye eneo lenye kasoro kwa dakika moja au chini ya hapo. Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo wake mwaka 2019, na njia hii imeenea kwa sababu haitaki mitungi ya gesi wala thieta. Kwa mteja, hii ndiyo yenye gharama chache: safari moja, hakuna kulazwa, hakuna bili ya maabara baada ya tiba.

Kugandisha

Hapa eneo hugandishwa kwa gesi: dakika 3 za baridi, 5 za kuyeyuka, kisha 3 za baridi tena. Nayo huisha kwa safari moja. Ila majimaji hutoka ukeni kwa wiki kadhaa, kwa hivyo tenga pesa za sodo. Udhaifu mwingine ni gesi yenyewe: mtungi ukiisha, unaambiwa urudi wiki ijayo. Piga simu kabla ya kupanda matatu.

Njia hizi mbili zina masharti yanayofanana. Eneo lenye kasoro lazima lionekane lote, lisiingie ndani ya mfereji wa mlango wa kizazi, wala lisizidi robo tatu ya mlango huo. Kusiwe na dalili yoyote ya saratani. Mjamzito kwa kawaida husubiri hadi ajifungue. Tena, seli zikishachomwa au kugandishwa hakuna kinyama kinachobaki cha kupimwa. Ndiyo maana haifai kuzitumia pale daktari anaposhuku kwamba saratani imeshaanza.

LEEP: kukata kwa waya

Daktari hudunga ganzi kwenye mlango wa kizazi, kisha kwa kitanzi cha waya mwembamba unaopita umeme anakata tabaka lenye seli mbaya. Kazi yenyewe huchukua dakika 10 hadi 20 na unarudi nyumbani siku hiyo hiyo. Inafaa eneo likiwa kubwa au likiingia ndani ya mfereji. Ubora wake mkubwa ni kwamba kinyama kilichokatwa hupelekwa kwa mtaalamu wa patholojia, anayethibitisha kiwango cha kasoro na kama kingo zake ni safi.

Ubora huo huo ndio unaoongeza bili. Kuna ada ya daktari na chumba, kuna ya maabara, na kuna safari ya pili ya kuchukua majibu. Hatari zake ni kuvuja damu, maambukizi na, kwa baadhi ya wanawake, uwezekano ulioongezeka kidogo wa kujifungua kabla ya wakati. Mwambie daktari kama bado unapanga kuzaa.

Thieta na kutoa kizazi

Kukata umbo la koni kwa kisu hufanyika thieta, mara nyingi kwa nusukaputi. Gharama hupanda kwa sababu ya dawa ya usingizi, wahudumu zaidi na pengine kitanda. Huwa na maana daktari anaposhuku saratani changa au kasoro iliyojificha ndani. Kutoa kizazi kizima si tiba ya kwanza ya seli hizi. Ukipewa kama njia ya mkato, tafuta maoni ya daktari wa pili.

Kwa anayeishi na virusi vya Ukimwi

Hapa nafuu ya leo inaweza kuwa gharama ya kesho. Utafiti uliofanyika Nairobi na kuchapishwa mwaka 2019 uliwagawa kwa kura wanawake 400 wenye virusi vya Ukimwi na kasoro za kiwango cha juu: nusu wakagandishwa, nusu wakafanyiwa LEEP. Katika miaka miwili, kasoro zilirudi kwa asilimia 30 ya waliogandishwa na asilimia 19 ya waliofanyiwa LEEP. Kwa hivyo kama unahudumiwa kwenye kliniki ya wenye virusi (CCC) na LEEP inapatikana, bei yake ya juu ina sababu. Lakini hata hapo karibu mmoja kati ya watano alirudiwa, basi weka nauli ya vipimo vya baadaye kwenye bajeti tangu mwanzo.

Wapi, na kwa kadi gani

Mkazi wa Majengo ana bahati moja: hospitali kubwa ya rufaa ya kaunti, Meru au Embu, iko mjini humo humo. Upande wa misheni kuna Maua, Nkubu na Chogoria, na kwa wa Embu kuna Kyeni. Nairobi ni zaidi ya kilomita 200 kutoka Meru na zaidi ya 100 kutoka Embu. Zidisha nauli ya kwenda huko na kurudi kwa watu wawili na kwa safari tatu, yaani uchunguzi, tiba na majibu, kisha ujumlishe kwenye bei uliyotajiwa huko kabla ya kusema ni rahisi.

Tangu Oktoba 2024, SHA imechukua nafasi ya NHIF kama bima ya afya ya umma. Aliyejiandikisha hupata huduma za msingi bila malipo kwenye zahanati na vituo vya afya vya ngazi ya 2 na 3, na huko ndiko pa kuanzia kipimo. Ngazi ya 4 hadi 6 hutaka mchango uwe umelipwa. Mchango ni asilimia 2.75 ya kipato, na wa chini kabisa ni shilingi 300 kwa mwezi, yaani 3,600 kwa mwaka. Asiye na mshahara hulipa kwa mwaka, kwa hivyo maliza jambo hilo kabla ya siku ya tiba.

Bei ya kutofanya lolote

Kuahirisha nako kuna gharama, na New Zealand iliipima kwa njia ya kusikitisha. Katika hospitali moja ya Auckland, tangu miaka ya 1950 hadi ya 1970, baadhi ya wanawake wenye CIN 3 waliachwa bila tiba ya kutosha. Walipofuatiliwa miaka 30, karibu asilimia 31 walipata saratani. Kwa waliotibiwa ipasavyo haikufika asilimia moja. Saratani ikishaingia, hesabu ni ya mionzi, dawa za kemikali na miezi mbali na nyumbani.

Uliza haya kabla ya kulipa

Eneo langu lina ukubwa gani, na limeingia kwenye mfereji? Bei hii inajumlisha ganzi, maabara na miadi ya majibu? SHA italipa sehemu gani, na mimi nitalipa nini mkononi? Nikitokwa na damu nyingi usiku, nije wapi? Nirudi lini kupimwa tena? Kwa kawaida ni baada ya mwaka mmoja hivi. Muulize pia muuguzi kuhusu kujamiiana, kwa sababu utaagizwa kujizuia kwa wiki 4 hadi 6. Mume au mwenzako na ajue mapema.

Uamuzi

Kama eneo ni dogo na linaonekana lote, na huna virusi vya Ukimwi, chagua kuchoma au kugandisha karibu na nyumbani, ikiwezekana siku ile ile ya kipimo. Kwa kawaida hakuna haja ya kulipia LEEP. Kama eneo ni kubwa, limeingia ndani, au unaishi na virusi, lipia LEEP na usikubali kuruka maabara ili kupunguza bili. Thieta iwe kwa sababu ambayo daktari ameitaja kwa maneno. Na pesa ikipungua, punguza umbali wa hospitali kabla ya kufikiria kuacha ile miadi ya baada ya mwaka.