Takoradi: Kiwanja cha Eropleni Kando ya Bahari

Wasikilizaji wetu, mtu akisikia habari za vita vya angani, mara moyo wake humwendea rubani aliye juu mawinguni. Ni wachache wanaouliza: Je, eropleni ile imefikaje huko? Leo twataka kujibu swali hilo kwa kueleza habari za Takoradi, kiwanja kilichoko pwani ya nchi iliyoitwa zamani Gold Coast, ambayo tangu mwaka 1957 jina lake ni Ghana.

Kwanza hatuna budi kufahamu shida yenyewe. Tarehe 10 Juni 1940 Wataliani waliingia katika Vita Kuu ya Pili, na siku chache baadaye Ufaransa ikashindwa. Bahari ya Mediterania ikawa kama mlango uliotiwa komeo. Majeshi ya Waingereza yaliyokuwa Misri yalihitaji eropleni upesi, lakini meli iliyozunguka Rasi ya Tumaini Jema ilisafiri zaidi ya maili 12,000, na miezi ikapita kabla haijafika Suez. Eropleni ndogo za kupigana nazo hazikuweza kuruka zenyewe toka Uingereza mpaka Misri, maana petroli yake ingekwisha njiani.

Basi wakuu wa jeshi waliikumbuka njia nyingine, njia ya kukata bara la Afrika toka magharibi hata mashariki. Njia hiyo haikuwa ngeni kabisa. Mwaka 1925 Arthur Coningham aliongoza eropleni tatu toka Misri hata Kano, katika Nigeria, akarudi salama. Tena mwaka 1936 eropleni za barua zilianza kusafiri kati ya Khartoum na Kano. Kwa hiyo viwanja vidogo vilikuwapo tayari.

Lakini kwa nini Takoradi, wala si Accra, mji mkuu? Sababu ni bandari. Katika siku zile meli zilizofika Accra zilitia nanga mbali, na shehena ikaletwa pwani kwa mashua katika mawimbi makali. Nani angethubutu kutia mtambo wa eropleni katika mashua kama hiyo? Takoradi ilikuwa na bandari ya kina kirefu, iliyofunguliwa mwaka 1928, ambamo meli iliweza kufungwa gatini. Na kiwanja cha eropleni kilikuwa karibu.

Mwezi wa Julai 1940 watu wa kwanza wa jeshi la anga walifika kutengeneza mahali. Walihitaji karakana, nyumba, maghala ya petroli, na barabara ngumu ya kurukia. Tarehe 5 Septemba yakaletwa makasha ya kwanza, ndani yake eropleni 12: sita za namna ya Hurricane na sita za namna ya Blenheim. Kesho yake manowari iitwayo Argus ikaleta Hurricane 30 nyingine. Wachukuzi waliteremsha makasha; mafundi wakaunga mabawa na mwili, wakajaribu mitambo, wakahakikisha bunduki.

Tarehe 19 Septemba kundi la kwanza liliruka: Blenheim moja na Hurricane sita. Hurricane huchukua mtu mmoja tu, naye hawezi kushika usukani na kuchunguza ramani vizuri wakati mmoja. Kwa hiyo Blenheim, yenye watu watatu, ilitangulia kuonyesha njia, na wengine wakaifuata kama vifaranga wamfuatavyo mama yao. Walipitia Lagos, Kano, Maiduguri, Fort Lamy, El Fasher na Khartoum. Kisha wakafuata mto Nile mpaka Misri. Safari nzima ilikuwa kama maili 3,700. Tarehe 26 walifika, lakini Hurricane moja haikuwamo.

Hatari zilikuwa nyingi. Mchanga ulikula mitambo. Vumbi la upepo wa harmatani lilificha nchi, na rubani aliyepotea katika jangwa alikuwa na maji kidogo sana.

Tena njia hiyo ilitegemea uamuzi wa mtu mmoja. Fort Lamy, ambayo sasa huitwa N'Djamena, ilikuwa katika Chad, nchi iliyotawaliwa na Wafaransa. Gavana wake alikuwa Félix Éboué, mtu mweusi mzaliwa wa Guyana ya Kifaransa. Tarehe 26 Agosti 1940 alikataa kuwafuata wale waliopatana na Wajeremani, akajiunga na Jenerali de Gaulle. Kama asingalifanya hivyo, njia ingalikatika katikati. Wajeremani walilijua jambo hilo. Mwezi wa Januari 1942 eropleni yao ilikuja toka kaskazini ikaipiga Fort Lamy kwa mabomu, ikateketeza petroli nyingi.

Hata hivyo kazi haikusimama. Eropleni zaidi ya 4,500 zilipita njia ya Takoradi mpaka Mediterania ilipofunguliwa tena mwaka 1943. Na Coningham, yule aliyepita njia hiyo zamani, ndiye aliyekuja kuwa mkuu wa eropleni za vita katika jangwa la Misri na Libya.

Sisi wa Afrika Mashariki tusiyaone mambo haya kuwa ya mbali. Mwaka ule ule wa 1940 askari wa Gold Coast walivuka bahari wakaja Kenya, wakapigana na Wataliani katika Somalia bega kwa bega na askari wa K.A.R.

Leo kiwanja cha Takoradi ni cha jeshi la anga la Ghana. Majina ya marubani yameandikwa vitabuni. Majina ya wachukuzi waliobeba makasha juani, na ya waliojenga barabara ya kurukia, ni machache mno yaliyoandikwa. Lakini kasha moja likianguka gatini, rubani mmoja Misri alikosa eropleni. Wazee wetu walisema kweli: kidole kimoja hakivunji chawa.